Mwaka Niliopima Dirisha la Jirani

Wanaume walipoondoka na jeneza la kaka yangu Hamadi, sisi wanawake tulibaki uani, na mimi kwa ukubwa wangu nikapewa kiti cha plastiki karibu na kisima. Kisima chenyewe kimefunikwa kwa zege siku nyingi. Watoto wa sasa hawajui hata kama chini yake mna maji. Sufuria za wali zilikuwa zimeshatelekwa, moshi unatuingia machoni, na mtu akipangusa machozi hujui kama analia au anapika. Wajukuu wa Hamadi walikuwa wanakuna nazi huku wakibishana juu ya bei ya mchele. Nikainua macho. Sikukusudia, ni shingo tu iliyokumbuka njia yake. Juu ya ukuta, ng'ambo ya kichochoro, lile ghorofa la marehemu mkwe wangu bado limesimama, limepauka, majani yameota kwenye nyufa, na dirisha la juu limepigiliwa mbao. Hajakaa mtu mle tangu nilipotoka mimi. Na hata hivyo nilimwona binti mkubwa wa Hamadi, mtu mzima mwenye wajukuu, akipita kwenda bafuni na kuivuta leso yake hadi shavuni, upande ule wa dirisha. Nikamwuliza anamficha nani. Akacheka kidogo, akasema, "Sijui, shangazi. Ndivyo nilivyomwona bibi akifanya."

Nataka kuusema mwaka mmoja tu. Miaka mingine niliyopewa ni mingi na sina ugomvi nayo, ilipita kama inavyowapitia watu. Lakini huo mmoja haujanipita bado, na kwa kuwa Hamadi amekwenda zake, nimebaki peke yangu ninayeujua. Ilikuwa miaka ya hamsini, hapahapa mjini kwetu, si mbali na Msambweni. Nilikuwa na umri wa miaka kumi na sita. Nilikuwa nimemaliza shule ya wasichana, nimefanya mtihani, na mwalimu wetu, mama mmoja mrefu aliyekaa Kwale, alishuka mwenyewe hadi kwetu kumwambia baba kwamba nimepata nafasi ya kusomea ualimu. Baba alikuwa akisomesha watoto Kurani, na kila mtu alimwita Mwalimu Omari, kwa hiyo maneno yale aliyasikiliza kama mtu anayesikiliza habari za kazi yake mwenyewe. Hakukataa. Niliyasikia majibu yake nikiwa nyuma ya pazia, na hadi leo naweza kuyarudia. "Mwari hatoki mikononi mwa mamake akaenda bwenini moja kwa moja," alisema. "Na akae ndani mwaka mmoja, watu waone kwamba amekaa. Mwaka ukimalizika bila neno kusemwa juu yake, nitampeleka mimi mwenyewe." Yule mwalimu akasema mwaka si mwingi, nafasi itamngoja. Mama akaniangalia, akanifinya mkono. Nilidhani nimeshafika.

Kukaa ndani ni kazi, asikudanganye mtu. Nyumba yetu ilikuwa ya mawe na udongo, vyumba vina giza la kupendeza mchana wa jua kali na giza la kuchukiza siku nyingine zote. Chumba changu kilikuwa na kitanda cha kamba na kasha la mvule alilonunuliwa mama alipoolewa, ambalo lingekuwa langu nikiolewa mimi. Asubuhi nilifagia, nikachota maji, nikasukuma mahamri na kuyakaanga, na mbaazi za nazi zikiwa zimechemka tangu alfajiri. Mchana tulikula wali kwa mchunga, ile mboga chungu ambayo mama aliipenda na mimi niliila kwa adabu. Dunia nyingine yote ilinijia kwa masikio: wazee barazani, muuza samaki akipita, watoto wa chuo cha baba wakikosea na kukemewa. Mahali pekee nilipopata mbingu palikuwa uani. Palikuwa na kisima, jiko la nje, jiwe la kufulia, na bafu la makuti lisilo na paa, kwa sababu nani angeweka paa mahali asipoonwa na yeyote isipokuwa kunguru? Ua ule ulizungukwa na ukuta mrefu kuliko mtu, na ndani yake mama alitembea kichwa wazi, nywele zake zimefumuliwa, akiimba kwa sauti ndogo. Ukitaka kujua mama alikuwa mtu wa namna gani, ungelazimika kumwona uani. Mlangoni na ukumbini alikuwa mke wa Mwalimu Omari.

Hamadi alikuwa akisoma shule ya bweni Mombasa na alirudi kila likizo akiwa na habari nyingi kuliko nguo. Alinizidi miaka miwili. Ulimi wake haukuwa na breki, na mama alisema ameuchukua kwa shangazi zake. Likizo ya kwanza ya mwaka ule alinikuta nimenuna, akaniuliza, "Mwanamisi, wataka kujua mnazi wa nyuma ya nyumba una futi ngapi?" Nikamwambia apande akapime. "Ukijua hesabu, hupandi," akasema. Akakata kipande cha gamba la boksi la sabuni nusu duara, akakigawa kwa digrii kwa kutumia chombo chake cha shule, akakifungia juu yake bua la mpapai la kuchungulia, na katikati akaning'iniza uzi wenye ufunguo wa lile kasha. Unalenga kilele kwa bua, ufunguo unaning'inia wima, na pale uzi unapokata gamba unasoma pembe. Yeye alijifunza kwa Kiingereza, akanitafsiria mwenyewe: pembe ya kutazama juu, na pembe ya kutazama chini. Akaniambia kwamba hizo mbili ni kitu kimoja. Pembe unayomtazamia aliye juu ndiyo hiyohiyo anayokutazamia yeye. Nilimwelewa mara moja na nikafurahi hadi nikaona haya. Jambo alilolirudia mpaka likanichosha ni moja: "Usisahau kujiongeza. Hesabu yaanza kwenye jicho lako, haianzi chini. Ukishapata jibu, jiongeze." Tulipima mnazi, tukapima mnara wa msikiti kwa mbali, na siku moja tulimpima baba amesimama mlangoni, tukacheka hadi tukafukuzwa.

Hamadi aliporudi shule, gamba aliniachia mimi. Wiki hizohizo mafundi wakaanza kuchimba msingi ng'ambo ya kichochoro. Mzee Rashidi, jirani yetu, mfanyabiashara wa mbata, zile nazi kavu, alikuwa amekusudia kujenga ghorofa. Mji wetu haukuwa na nyumba ya juu, na watu waliisifu kama yao. Chini lingekuwa duka na ghala, na juu angekaa mwanawe Mbaraka. Kwa miezi tulisikia nyundo tu na mafundi wakitaniana. Kisha kuta zikapita ukuta wetu, na jambo nililoliona kwanza halikuwa nyumba ile, alikuwa mama. Fundi akigonga jiwe, mama huvuta leso kichwani na kuingia ndani. Hakuinua macho hata mara moja kuangalia kama yuko mtu kweli. Aliacha kufumua nywele uani, akaacha kuimba. Kuoga akaoga alfajiri kabla mafundi hawajaja. Jiko akalihamishia chumba cha stoo, tukawa tunapika ndani tukikohoa. Nilimwambia, "Mama, hawatazami, wanafanya kazi." Akanijibu, "Mwanangu, mimi sijui wanatazama nini. Najua tu kwamba wako juu." Kisha siku moja mafundi wakasimamisha fremu ya dirisha kubwa, na fremu ile ilielekea kwetu.

Baba alikwenda kwa Mzee Rashidi kwa upole, kama ilivyo ada ya majirani, na akarudi ametulizwa bila kuridhika. Mzee Rashidi alikuwa ameapa kwamba dirisha lile ni la upepo wa kusi. Aliyesimama pale angeona makuti ya minazi na bahari kwa mbali, basi. Ua wetu hauonekani, ukuta unausitiri. Sasa nani angejua? Hapo ndipo palipokuwa na fundo. Mtu mwingine angesema, si mpande mkaangalie. Lakini katika mji wetu hakuwako mzee mwenye adabu zake ambaye angekubali kupanda kwenye miti ya mafundi achungulie ua wa mwenziwe, hata kama ni kwa kusuluhisha. Kupanda kuangalia kama ua unaonekana ni kuuangalia ua. Baba hakuweza kupanda, maana ingekuwa aibu kwake kuonekana juu ya nyumba ya mtu. Mafundi hawakuulizwa, maana kuwauliza ni kuwakubalia kwamba wameona. Mambo yakakaa hivyo, kila mtu na heshima yake, na ukuta ukiendelea kupanda. Usiku ule baba hakumaliza chakula chake. Alimwambia mama kwamba itabidi waezeke ua wote makuti, na mama akasema, "Basi na kisima chetu tutakichota gizani kama wezi."

Nami ndani nilikuwa na gamba la boksi la sabuni. Fikra ikanijia kwamba jambo ambalo hakuna mwanamume angeweza kulitazama kwa heshima, mimi naweza kulijua kwa hesabu bila kumvunjia mtu sitara, na bila kutoka nje ya ukuta wetu. Taabu ilikuwa moja: sikuweza kufika chini ya nyumba ile nipime umbali wake, maana ilikuwa nje na mimi nilikuwa mwari. Lakini Hamadi alikuwa amenionyesha njia ya kupima kitu usichoweza kukifikia. Unakilenga ukiwa mahali pawili, pa kwanza karibu na pa pili mbali zaidi katika mstari uleule, na unapima nafasi iliyo baina ya mahali hapo pawili tu. Nilingoja mchana mafundi waliposhuka kwenda kula na kuswali, nikasimama mlango wa jiko la nje, nikalenga katikati ya fremu. Digrii arobaini na tano. Nikarudi nyuma hadi kisimani. Thelathini. Nikapima kwa kamba ya ndoo toka mlangoni hadi kisimani, nikapata futi kumi na moja. Nikarudia kwa siku kadhaa ili nihakikishe, na namba hazikubadilika. Kisha nikaingia chumbani, nikakunja mkeka, na kuchora yote sakafuni kwa mkaa, kila futi kwa upana wa kidole. Mistari miwili ilipanda toka ukuta wa upande wa kitanda na kukutana mbele ya kasha. Futi kumi na tano juu ya jicho langu. Nikajiongeza, zikawa ishirini. Sasa nikauchora ukuta wetu na kuurudisha mstari chini, toka dirishani, kupita juu ya ukuta, hadi ardhini. Ulianguka karibu sana na ukuta. Palipositirika ni pale tulipopanga kuni tu. Kisima kilionekana, jiwe la kufulia lilionekana, na bafu la mama lilionekana lote.

Nilikaa sakafuni nikaliangalia jibu langu na nikafurahi. Lazima niliseme hilo, ingawa linaniuma. Lilikuwa jibu baya kwa nyumba yetu, lakini lilikuwa jibu, na nililipata mimi. Nilijiona nimeshakuwa mwalimu. Nikaufuta mkaa kwa kitambaa kibichi, na Hamadi aliporudi likizo ya mwisho wa mwaka nilimweleza kabla hajavua viatu. Alichora tena yeye, akapata vilevile, akapiga kofi. "Dada, wewe wapaswa kukaa pale darasani badala yangu," akasema. Mwaka wangu ulikuwa umebakia wiki chache. Baba alikuwa ameshamwagiza mtu sanduku la bati la shule, na mama alikuwa akinishonea mito. Hakuna neno lililokuwa limesemwa juu yangu.

Wazee walikutana barazani kwetu baada ya alasiri. Mama na mimi tulikuwa ukumbini nyuma ya mlango, tumekaa kwenye mkeka, na kahawa tuliyoipika ilikuwa inapitishwa nje pamoja na kashata. Alikuwako Mzee Rashidi, baba, na Mzee Kombo, aliyekuwa mkubwa wa msikiti na ambaye maneno yake hayakurudiwa mara mbili. Mzee Rashidi akaanza. "Mwalimu Omari, mimi si mtu wa kumvunjia mwenziwe sitara. Pale waona minazi tu."

"Umeshasimama pale?" baba akamwuliza.

"Astaghafirulahi! Nisimame vipi, nami najua ua wako u chini?"

"Basi wajuaje kwamba hauonekani?"

Watu wakacheka, hata mama akacheka, nikamwona meno yake kwa mara ya kwanza baada ya miezi. Ndipo Hamadi akaomba ruhusa. Akawaamkia shikamoo, wakamwitikia marahaba, akasema, "Wazee wangu, si lazima mtu apande. Hesabu itapanda badala yake." Nikamsikia akichora mchangani kwa kijiti. Aliwaeleza vizuri, sina la kumlaumu hapo. Aliwaeleza polepole, kwa maneno ya kwetu, pembe ya kutazama juu na pembe ya kutazama chini na jinsi zilivyo kitu kimoja. Wazee waliuliza, akajibu. Waliona wenyewe mstari ukishuka toka dirishani hadi kisimani. Mzee Rashidi akavuta pumzi. "Kijana amesoma," akasema. "Basi mimi sina ubishi na hesabu. Fremu nitaigeuza, niielekeze njiani."

Mama alishika kifua. Najua wakati ule mdogo ulikuwaje, maana niliuishi wote. Ulikuwa na harufu ya kahawa na tangawizi. Ukuta wetu ulikuwa umeokolewa, na mimi ndiye niliyeuokoa. Kisha Mzee Kombo akauliza, kwa sauti ya mtu anayetaka kujua tu, "Hamadi, wewe umefika juzi. Umepima saa ngapi?"

Na Hamadi, Mungu amrehemu, kwa kunipenda kwake na kwa kujivuna kwake juu yangu, akasema, "Sikupima mimi, mzee. Amepima Mwanamisi."

"Amepima akiwa wapi?" Mzee Kombo akauliza.

"Uani. Mara mlangoni pa jiko, mara kisimani."

"Akilitazama dirisha?"

"Akililenga, ndiyo. Kwa bua la mpapai."

"Dirisha lililokuwa na mafundi."

"Mafundi walikuwa wameshuka, mzee."

"Yeye alijuaje kwamba wameshuka, ila kwa kutazama?" Mzee Kombo akasema bila ukali wowote, na hilo ndilo baya zaidi. "Umetufundisha sasa hivi, mwanangu, nasi tumeelewa. Pembe ya juu na pembe ya chini ni moja. Basi msichana wa kisimani akimlenga wa dirishani, na wa dirishani si amemlenga yeye? Lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Mimi ningependa lisije."

Hamadi alianza kusema, akasema sana, na kila alilosema lilichimba zaidi. Alitaja kwamba nilipima kwa siku nyingi ili nihakikishe. Alitaja kwamba hata mnara wa msikiti nilishaupima. Nilitamani apaliwe na kahawa. Mama hakunitazama. Aliivuta leso yake kichwani, ndani ya nyumba yake mwenyewe, ambako hapakuwa na dirisha lolote.

Kufikia magharibi neno lilikuwa limeshafika sokoni. Halikuwa neno baya kupita kiasi, watu wa kwetu hawakuwa washenzi. Lilisema tu kwamba binti wa Mwalimu Omari alikuwa na chombo cha kuwatazamia mafundi. Mimi nimewasomesha wajukuu wangu masomo yao, nimesikia mambo mengi ya werevu, lakini sijasikia jambo lililoeleweka upesi na vizuri kama wazee wale walivyoielewa hesabu yangu. Mstari ulikuwa umenyooka kweli. Wao waliufuata kuanzia upande wa pili. Nasema haya nikiwa na hasira, na kwa umri wangu siombi ruhusa ya kukasirika.

Baada ya siku chache Mzee Rashidi alirudi na wazee walewale, wamevaa kanzu safi. Alikuwa mtu mwema, kila mtu alilisema hilo, nami nalisema. Alieleza kwamba hapendi kuona binti wa jirani yake ametiwa doa kwa sababu ya nyumba yake. Mwanawe Mbaraka hana mke. Wakiunganisha nyumba mbili, neno litakufa, maana hakuna wa kumsema mtu kwa kumtazama mumewe. Tena na fremu haitakuwa na haja ya kugeuzwa, kwa kuwa dirisha litakuwa la mkwe, na ua wa wakwe ni ua wa nyumbani. Niliusikia mlango ukipokea kicheko chao. Walikuwa wamefurahi kama watu waliofungua fundo bila kukata kamba. Baba aliomba siku mbili, kisha akakubali.

Alinijia chumbani mwenyewe, jambo ambalo hakuwa akilifanya. Akakaa juu ya kasha. "Mwanangu," akasema, "mimi najua hukukosa."

"Basi nipeleke shule, baba."

"Nilisema mwaka mmoja bila neno."

"Neno hilo si la kweli."

"Si la kweli," akasema, na akalia. Sikuwa nimewahi kumwona akilia. "Lakini limeshasemwa. Maji yakimwagika hayazoleki." Nilitaka kumwambia kwamba ni yeye aliyeuliza swali, mimi nilimjibu. Badala yake nilimfuta machozi kwa leso yangu, akanishukuru kama mgeni.

Mwalimu wangu alishuka kutoka Kwale mwaka ulipoisha, kama alivyoahidi. Aliletewa chai na mkate wa kumimina, na nikamsikia toka nyuma ya pazia lile lile akiuliza habari zangu. Mama akamwambia nimeposwa. Kijiko kikagonga kikombe. "Alikuwa msichana mwepesi wa hesabu," mwalimu akasema, na mama akajibu, "Ndiyo. Alikuwa." Akamaliza chai, akasifu mkate, akaaga. Sanduku la bati lilikuwa limeshafika. Walilitia vyombo vyangu vya harusi.

Hamadi alirudi Mombasa kabla ya harusi na hakuja siku yenyewe, akasingizia mtihani. Baadaye akawa mwalimu, akafundisha hesabu maisha yake yote, Kinango na kwingineko, na wanafunzi wake ndio waliobeba jeneza lake wiki hii. Tulipendana na kutembeleana kila Idi, tukazungumza kila kitu isipokuwa hilo. Mwezi uliopita, alipokuwa hawezi tena kuinuka, alinishika mkono na kuniuliza, "Mwanamisi, pale kisimani, ilikuwa digrii ngapi?" Nikamwambia nimesahau. Akafumba macho, nikaona amepumzika kidogo. Hakujua kama nilikuwa namdanganya, na sijui kama ningemfaa zaidi kwa kumwambia kweli.

Mbaraka hakuwa mtu mbaya pia. Watu wema walinizunguka kila upande. Alikuwa mpole, alizungumza kidogo, na hakuniuliza kamwe kama nilikuwa nataka kitu kingine. Siku ya saba baada ya harusi yangu, asubuhi, alishuka dukani akaniacha peke yangu chumbani juu. Chumba kilinuka chokaa mbichi na halua. Kasha la mama lilikuwa ukutani, na ufunguo wake nilikuwa nao mimi sasa. Nikaufunga kwenye kamba ndefu ya uzi niliyoificha chini ya nguo, kamba niliyoitia alama kila futi, nikafungua mabawa ya dirisha. Ua wetu ulikuwa chini yangu wote, isipokuwa pale pa kuni. Mama alikuwa amerudisha jiko nje, kwa kuwa dirisha sasa lilikuwa la mkwe. Alikuwa ameketi juu ya mbuzi, anakuna nazi, kichwa wazi, nywele zimefumuliwa. Sikumwita kwanza. Nilitaka kujua. Niliteremsha kamba kutoka katikati ya dirisha, taratibu, hadi ufunguo ukagusa kichochoro, nikahesabu alama kwa vidole. Ishirini, na kidogo kisichofika shibiri. Nilikuwa nimepata sawasawa.

Upepo ukauyumbisha ufunguo, ukagonga ukuta, mlio mdogo kama wa nyundo ya fundi. Mama aliacha kukuna. Hakuinua macho kuangalia ni nani. Aliivuta leso kichwani hadi usoni, upande wangu, akainuka, na akaingia ndani akiiacha nazi palepale.